Jiwe Lililoitwa Mwongo

Jembe la Apolonia lilikuwa limelika hadi likabaki kama kijiko cha wali, na wali wenyewe haukuwepo. Alilipiga ardhini, likapinda. Akalinyoosha kwa goti, akapiga tena, likapinda. Mvua za kwanza zilishalainisha udongo wa Michenga, mbegu ya mpunga ililowekwa tangu jana, na mumewe Kelestini, mhunzi wa ukoo wa wahunzi, alichuchumaa kando yake akichimba kwa kijiti.

"Mke wa mhunzi analima kwa kijiti," Apolonia alisema. "Wakinicheka kisimani niwaambieje?"

"Waambie nyundo imekwenda Ifakara kusalimia."

Mzaha huo ulianza vita vya Maji Maji vilipokwisha. Askari wa Mjerumani walipopita kuchoma ghala, walikusanya mikuki na mishale, kisha wakabeba nyundo ya Kelestini kwa kosa la kuizaa mikuki hiyo. Njaa ilipokuja, padri alimpa kibaba cha mahindi na jina la ubatizo siku moja. Mahindi yaliisha upesi. Jina lilidumu.

Jua halijapanda, tarishi wa akida akatokea.

"Nyundo yako inarudi," alisema, "ukimpelekea Bwana Mawe jiwe lenye madini."

"Inarudi bure?" Kelestini aliuliza.

"Nimesema, ukimpelekea jiwe."

"Basi si bure."

Bwana Mawe alikuwa Mjerumani aliyezunguka bondeni na kinyundo chake, akigonga miamba kama mdai anayegonga milango. Hakuwa amempiga mtu, na hilo ndilo lililowatia watu mashaka zaidi. Pamba ya kulazimishwa nayo ilikuja hivyo hivyo: bwana mmoja mpole akionja udongo kidoleni, halafu viboko.

Kelestini alisugua kidevu. Kibandani alikuwa na kipande cha jiwe jekundu linalong'aa kama shaba, lililotoka kwenye korongo la kijito, juu ya mashamba ya mama mkwe wake. Babu yake alilichoma kutwa nzima akitaka shaba. Alipata moshi wenye harufu ya kitunguu saumu, kichwa cha kuuma na aibu. Tangu hapo ukoo uliliita Mwongo, na waliojifunza uhunzi walipewa walichome ili wachekwe.

"Nitampa Mwongo," alimnong'oneza mkewe. "Atalichoma, atakohoa, atatuchoka. Mimi nitachukua nyundo."

"Na akikasirika?"

"Alikasirikie jiwe."

Apolonia hakucheka. "Mtu anayetafuta kitu asichokitaja, usimpe hata takataka zako."

Lakini lile jembe lilikuwa limepinda tena, na Kelestini akaondoka.

Kituoni Ifakara, Akida Mwinshehe alikaa kwenye kiti, nyundo iko mezani mbele yake. Mchwa walikuwa wameonja mpini.

"Shikamoo, akida."

"Marahaba. Toa ulichonacho."

Bwana Mawe alichukua jiwe, akavunja kipande, akakiweka juu ya mkaa na kupuliza moto kwa kijibomba cha shaba. Kelestini akasogea nyuma kwa adabu, akisubiri. Harufu ikapanda. Akida akajiziba pua kwa kanzu.

Bwana Mawe alicheka mpaka machozi.

"Ninyi mnaliitaje?"

"Mwongo, bwana."

"Hata kwetu!" Alizungumza Kiswahili kikavu lakini kilichonyooka. "Wachimbaji wetu wa zamani walidhani shaba. Wakachoma, hawakupata shaba, wakapata ugonjwa. Wakasema shetani wa mgodini amewachezea. Jina lake Nikeli. Baadaye msomi mmoja akalichunguza jiwe hilo, akatoa ndani yake madini mapya, meupe, magumu, yasiyoshika kutu. Jina la shetani likabaki. Hata ndugu yake yuko, Kobalti, naye kaacha jina kwenye madini mengine."

Kelestini alimtazama kwa pembe ya jicho. Hawa ndio waliowanyonga wazee wetu kwa kosa la kuamini dawa ya maji.

"Kumbe na ninyi mna mashetani, bwana."

"Chunga mdomo!" akida alifoka.

"Tulikuwa nao," Bwana Mawe alisema kwa furaha. "Sasa tunawafanyisha kazi."

Akatoa mfukoni sarafu mpya yenye tundu. "Humu yumo Nikeli, pamoja na shaba." Kisha akatoa risasi ya bunduki yake, yenye ngozi nyeupe iliyong'aa. "Na humu."

Ngozi ile Kelestini aliijua. Aliing'oa kwa koleo lake mwenyewe kwenye mbavu za mdogo wake, kule Mahenge wakati wa vita. Siku ile alidhani ni fedha, akawashangaa watu wanaoua kwa fedha. Kumbe alikuwa ameshika Mwongo, yule yule wa kibandani, amekwenda Ulaya kavaa nguo.

"Umelitoa wapi?" Bwana Mawe aliuliza taratibu.

Akida aliisukuma nyundo mezani hadi ikamgusa Kelestini tumboni. Vidole vyake havikuuachia mpini.

Kelestini aliona jembe lililopinda. Kisha akaona shamba la mama mkwe lililofukuliwa, na shingo za watu kwenye mnyororo.

"Maji yalilileta, bwana."

Mkono wa akida uliruka. Tangu vita, neno maji halikutamkwa ovyo kituoni pale.

"Maji gani?" akida aliuliza.

"Ya Kilombero. Mto ukifurika huacha mawe. Mwaka huu hapa, mwaka ujao kule."

Bwana Mawe alipitisha kidole ukingoni mwa jiwe. "Jiwe la mtoni huwa laini. Hili lina makali."

"Ndiyo maana tukaliita Mwongo, bwana."

Akida alirudisha nyundo upande wake, akamwita askari mwenye kiboko. Bwana Mawe hakutazama. Alikuwa amefungua ramani, anafuata kijito kimoja kimoja kwa kidole, akipiga mluzi.

Jua lilikuwa linainama Kelestini alipofika shambani, anatembea kama aliyebeba mzigo. Apolonia aliona shati lililoganda damu mgongoni.

"Nyundo iko wapi?"

"Bado inasalimia."

Mkewe alimchagulia kijiti chenye ncha iliyo kali zaidi, wakainama wote wawili, akichimba mmoja na mwingine akitia mbegu. Walikuwa hawajamaliza mstari upepo ulipogeuka ukaleta mlio wa kinyundo kutoka upande wa kijito, juu ya mashamba ya mama mkwe: ko, ko, ko. Mlio wa mtu anayegonga mlango akijua kwamba wenyeji wamo ndani.