Mbwa Aliyeogopa Maji

Kila asubuhi, kabla ya mteja wa kwanza kuingia, Winfred alikuwa akifagia kizingiti cha duka, akapanga nje magunia ya chakula cha kuku, akapangusa vumbi kwenye chupa za dawa ya kupe, kisha akaketi nyuma ya kaunta na kikombe cha uji. Hapo ndipo alipofungua simu na kuwalisha wanyama wake wengine. Wa mchana walikuwa wa watu: ng'ombe wa viwele vilivyovimba, mbuzi wa kikohozi, aliosomea kuwatibu chuoni. Hawa wa asubuhi waliishi ndani ya mchezo, katika dunia pana isiyo na mshinde wala mshindi, ambamo mtu hujenga nyumba, hulima shamba, na akiwa na subira hufuga wanyama wa mwituni.

Asubuhi hiyo alikwisha kuwatupia kuku mtama. Alikuwa anamrushia mbwa mfupa pale maandishi madogo yalipotokea juu ya kioo: Faiza ameingia.

Uji ulimwagikia sketi. Hakuupangusa.

"Winnieee!" Faiza aliandika. "Niko Machakos! Nimekuja kujifungua kwa mama. Kiporo wangu yuko wapi?"

Winfred alimtazama mbwa aliyelala mlangoni pa nyumba ya mbao, rangi ya udongo mwekundu, ukosi mwekundu shingoni. Juu ya kichwa chake palielea jina: Kiporo.

"Yuko hapa," akaandika. "Anakula."

Kila neno lilikuwa kweli isipokuwa lile lililohitajika. Mbwa yule hakuwa Kiporo.

Faiza na Winfred walijuana tangu Winfred alipoajiriwa pale, kwa kuwa duka la vitambaa la kina Faiza lilipakana na lile la dawa za mifugo. Mmoja mzungumzaji, mwingine bubu wa hiari, wakaelewana. Faiza ndiye aliyemfundisha mchezo ule, na ndani ya dunia yao hapakuwa na mtu wa tatu.

Tangu utotoni Faiza alitamani mbwa. Nyumbani kwao mbwa hakupita getini. Siku moja, akiwa mdogo, alibeba mtoto wa mbwa sokoni, na mama yake akamwosha mikono mara saba, mara moja kwa udongo, huku akisoma istighfari kama mtu aliyefiwa. Basi mbwa wake wa kwanza akawa wa kwenye simu. Alimfuga Ramadhani moja. Mbwa wa mwitu, katika mchezo ule, hafuatwi mbio. Unakaa mbali, unadondosha nyama, unageuza uso, unaondoka. Kesho unarudi, unakaa karibu kidogo. Kila alasiri Faiza, midomo imekauka kwa saumu, alimdondoshea mbwa mabaki ya nyama, na ndiyo sababu akamwita Kiporo.

"Astaghfirullah," mama yake, Bi Fatuma, alisema akichungulia begani mwake. "Wewe umefunga, mbwa anafuturu kabla yako!"

Kiporo alikuwa na tabia yake moja: aliogopa maji. Akifika mtoni aliketi ukingoni akalia, na Faiza, hata kama alikuwa na haraka vipi, alimtandikia mbao avuke. "Kila mtu na woga wake," alisema. Alipoolewa na kwenda Garissa, alimkabidhi Winfred kamba ya mbwa yule, maana mchezo uliruhusu. "Winnie, hii ni amana. Wewe ndiye unajua wanyama."

Wiki za kwanza waliandikiana. Kisha Faiza akanyamaza. Winfred alituma salamu zikasomwa, zisijibiwe. Akatuma picha ya kuku wao wapya, ikasomwa, kimya. Alijiambia bibi harusi ana shughuli nyingi. Alijiambia hivyo hadi siku moja maneno yalipokataa kumwingia.

Siku hiyo alimfungua Kiporo mlangoni, akamshika kamba. Kwao Masinga, mbwa halishwi ili akae. Hufuata mbuzi hadi kandokando ya bwawa, hulala nje, hufukuza fisi, na asiyefanya kazi hupigwa teke la ubavu na kuitwa mla bure. Winfred alijitetea kwa hilo: mbwa huyu naye afanye kazi. Akamwongoza kuelekea pango la ng'ambo, kwenye dubu na mawe ya thamani. Mtoni Kiporo aliketi, akalia kama kawaida yake. Mbao zilikuwamo mkobani. Winfred hakuzitoa. Alimvuta kwa kamba, mbwa akiwa amekaza miguu, mpaka maji yakamfika shingoni.

Pangoni dubu alipotokea, Winfred alikimbia. Kiporo hakukimbia. Winfred alimsikia akibweka nyuma yake, kisha hakusikia kitu.

Kesho yake alizunguka msitu wote akitafuta mbwa wa rangi ile ile. Alimfuga, akamvisha ukosi mwekundu, akampa jina la marehemu. Na kila asubuhi tangu hapo alimlisha mfupa bila kumtazama, kwa sababu mbwa yule mpya alimpenda kweli, wala hakujua kwamba amevishwa jina la mwenzake.

Jioni ya siku ile Faiza alipoingia mchezoni, ilibidi Winfred aende kumwona mzazi mtarajiwa. Bi Fatuma alimpokea mlangoni.

"Karibu mwanangu. Mwenzio hali, hanywi, kazi ni mbwa, mbwa. Mwambie malaika hawaingii nyumba yenye mbwa."

"Mama, ni mbwa wa simu!" Faiza alipaaza sauti kutoka ndani. "Hana hata mate!"

Alikuwa amelala godoroni, miguu imevimba kama mihogo, tumbo juu, uso ule ule wa kucheka. Winfred aliketi mkekani, akapewa chai ya tangawizi na mahamri.

"Umenikasirikia," Faiza alisema.

"Mimi? Hapana."

"Wacha nikwambie. Wallahi Winnie, miezi ile yote nilikuwa natapika. Nikitazama kioo cha simu tu, dunia inazunguka. Nafungua ujumbe wako, nasoma neno moja, ndoo! Shemeji zangu walikuwa wanashika ndoo kwa zamu. Nikilala pale hoi, nilijiambia angalau Kiporo yuko na Winnie. Hiyo moja sina wasiwasi nayo."

Winfred aliinamia kikombe. Angesema hapo hapo. Alifungua mdomo na kilichotoka kilikuwa, "Pole. Tangawizi inasaidia."

Wakaingia mchezoni pamoja, kila mmoja na simu yake. Faiza alimkumbatia mbwa kwa kubonyeza mara nyingi zisizo na maana, akatoka naye kwenda kuona shamba lake la zamani. Walipofika mtoni, Faiza akaanza kutafuta mbao mkobani. Kabla hajazipata, mbwa alijirusha majini, akaogelea hadi ng'ambo, akajikung'uta na kugeuka kuwasubiri.

Winfred alishusha simu mapajani.

"Haiya!" Faiza aliketi wima, tumbo na yote. "Mama! Mama, njoo uone! Ameacha kuogopa maji! Winnie amemfundisha!"

"Mashallah," Bi Fatuma akajibu kutoka jikoni. "Sasa amfundishe kubweka nje ya nyumba yangu."

"Umewezaje? Mimi nilijaribu mwaka mzima!" Macho ya Faiza yalikuwa yamejaa machozi. "Ulikaa naye polepole, sivyo? Najua tu. Wewe uko na mkono."

"Alizoea mwenyewe," Winfred alisema kwa sauti ndogo. Akaaga mapema, akisingizia kichwa.

Jumapili alienda kwao Masinga. Alimkuta baba yake, Muindi, ameketi nje kwenye kigoda, amevaa koti la kanisani, na miguuni pake ngozi ya mbuzi iliyopakwa chumvi na kukunjwa.

"Nani amekufa?"

"Mbuzi wa Mama Kasiva wa Kithimani. Yule alituachia tumlelee. Amekula karatasi ya nailoni." Baba alifungua kamba za viatu, akazifunga upya. Mama alikuwa amemmiminia chai tena, na bado hakuondoka. "Bodaboda anakuja. Nampelekea ngozi."

"Si umpigie tu simu, Baba? Ama umpelekee mbuzi mwingine. Tuko na wale wa madoadoa, wanafanana."

Winfred alijisikia akisema hayo, na masikio yakamwaka moto.

Baba alimtazama kwa mshangao. "Anayefanana? Mwiitu, binti yangu, umesomea mifugo wapi? Mbuzi wa kuachiwa akifa, unapeleka ngozi mkononi mwako. Mwenyewe aione, akuangalie usoni, akutukane. Wa kulipa baadaye ni mambo mengine. Ukimrudishia mwingine kimyakimya, huyo mama atakuwa anamchekea mbuzi asiye wake, na wewe unamtazama akicheka. Utaweza?"

Winfred aliitazama ngozi ile iliyokunjwa.

"Na anatukana, Mama Kasiva!" Baba alisema akitikisa kichwa. "Leo naoga matusi hadi kisigino. Ningekuwa na uwezo ningemtuma mama yako." Pikipiki ikasikika njiani. Aliinuka polepole kama anayeitwa na mwalimu mkali, akaweka ngozi kwapani, akaenda.

Winfred alirudi mjini. Kesho yake alifunga duka mapema, akaenda kwa kina Faiza bila kutuma ujumbe kwanza, kwa sababu alijua akituma angepata nafasi ya kujirudi.

Faiza alifurahi kumwona. "Afadhali umekuja, niko na neno. Mtoto akifika sitakuwa na muda wa mchezo, si ni kweli? Nimeamua. Kiporo awe wako kabisa. Sio amana tena, zawadi. Nimemwambia hata mume wangu, kuna mtu alimfundisha mbwa wangu asiogope. Akasema, basi huyo mtu ndiye wa kumpa."

"Miguu imepungua kuvimba," Winfred alisema.

"Ee, imepungua. Umenisikia lakini?"

"Chai yako inapoa."

"Winnie. Una nini?"

Kutoka msikitini adhana ya Magharibi ilianza. Bi Fatuma alipita akikaza mtandio, akaingia chumbani kuswali. Wakabaki wawili, na mbwa kwenye kioo cha simu akipiga mkia.

"Huyo si Kiporo," Winfred alisema.

"Wacha mchezo."

"Kiporo alikufa. Kabla hujarudi. Huyo nilimtafuta msituni nikampa jina lake." Alisema akitazama mkeka. "Nilimpeleka pangoni. Dubu akatokea, nikakimbia, yeye akabaki."

Faiza alijiinua kwa kiwiko. Alichukua simu, akamtazama yule mbwa aliyevuka mto kwa furaha, akamgusa kwa kidole, akaitua godoroni kifudifudi. Alipozungumza alijitahidi kuwa mpole, na upole huo ulikuwa mgumu kuvumilia kuliko kofi.

"Basi," alisema. "Ilikuwa ajali. Mnyama ni mnyama, na mchezo ni mchezo. Uliogopa kuniambia, nimeelewa. Usilie, Winnie, utanifanya na mimi nilie, na mama atatugombeza."

Maneno hayo yalikuwa mlango ulioachwa wazi. Winfred angepita hapo, angefuta machozi, wangekunywa chai, na urafiki wao ungeendelea, umesimama juu ya neno lile moja: ajali. Alitamani kupita. Aliona hata namna ambavyo angeshukuru.

"Haikuwa ajali," akasema, na kwa mara ya kwanza jioni ile aliinua uso. "Pale mtoni alikuwa analia, na mbao nilikuwa nazo, na nikamvuta. Nilikuwa nimekukasirikia, Faiza. Uliondoka ukanyamaza, na mimi sina rafiki mwingine. Nilitaka kitu chako kiumie, kwa sababu mimi nilikuwa naumia." Hakuinamisha uso tena, akangoja Faiza amwangalie na kumtukana.