Mbuzi Waliotoka Kitambaani

Watu wa Kitengela wakimwona Muteti wanasimama njiani na simu zao. Ati gwiji. Ati mtu wa kwanza kufuma dunia mbili pamoja. Mimi nilimjua akichomelea mageti nyuma ya soko, na mageti yenyewe yalikuwa hayafungi. Siku hizi anavaa koti jeupe kama daktari, na ukimsalimia anaangalia juu kwanza ndio akujibu.

Mtambo wake ameuunda kwa vyuma vya vitanda. Anasema dunia si moja, ziko nyingi, zimelala kandokando kama nyuzi, na kwa kila moja kuna Kitengela, kuna Muteti, kuna mimi. Yeye huchukua uzi wa dunia yetu na uzi wa nyingine, anazifuma pamoja, na kitambaa kikitokea, kitu cha huko kinaweza kupita kije huku. Nilimuuliza kama Muteti wa huko pia mageti yake hayafungi. Hakucheka.

Aliyemleta kwangu ni mume wangu Elmi, nani mwingine. Wakati wa ule ukame mkubwa, Elmi alitoka na mbuzi wetu wote kutafuta nyasi upande wa Entarara. Njiani akashikwa na homa, akawaacha, akarudi nyumbani na fimbo peke yake. Mbuzi wakafa wote. Tangu hiyo siku hajanywa chai kwa nyumba yangu bila kusikia habari yao. "Ungevumilia kidogo tu," namwambia. "Wanaume wengine walifika." Yeye husema, "Mama Najah, ningekufa." Na mimi humjibu kwamba watu hufa na aibu, na yeye hana.

Banda likabaki tupu. Mimi, binti wa mtu aliyejulikana soko lote la Kajiado kwa mifugo, nikawa nauza maziwa ya ngamia wa watu kwa vikombe. Nilitaka mbuzi wangu warudi, basi. Sikutaka kitu kingine.

Muteti akaja na mtambo kwa pikapu. Akafunga simu yake kwa ua ili ajirekodi, kisha akatundika kitambaa kati ya nguzo mbili za banda. Kilikuwa na rangi ya maji ya kuoshea vyombo. "Nimechagua uzi ambao mbuzi walipona," akasema kwa sauti ya mtangazaji. Nikamwambia afanye haraka, niko na nguo za kufua.

Halafu wakatoka. Mbuzi wetu wenyewe, wanono, na yule mweusi wa pembe moja mbele yao. Nilikaa chini kwa vumbi nikalia, sitadanganya.

Nikawashika masikio. Kwetu kila mbuzi hukatwa sikio la kushoto, ndiyo alama ya nyumba yetu, na kazi hiyo ni ya Elmi kwa sababu mkono wake umenyooka. Mimi nilikata mara moja akiwa safarini, ikaenda kombo, akanicheka mwaka mzima. Sasa wale wadogo wote, waliozaliwa huko, walikuwa wamekatwa kombo.

"Unaona?" nikamwambia Elmi. "Hata kwa dunia nyingine wewe ni mvivu. Hata huko kazi nafanya mimi."

Elmi alikuna kichwa akaingia ndani kutafuta chai.

Muteti hakuondoa kitambaa. Alitaka watu waje wapige picha. Kesho yake mchana kikasukumwa kutoka upande wa pili, na mwanamke akatoka akifuata nyayo za mbuzi. Alikuwa mimi. Hijabu yake ilikuwa nzuri kuliko yangu, na mkononi alishika fimbo ya Elmi.

"Wezi," akasema. "Hawa nimewalisha kwa mikono yangu. Na wewe, mwanamke mzima, umekaa hapa kungoja jasho la mwenzako?" Mdomo ni wangu kabisa. Nilijua siku hiyo watu hunisikia vipi.

Nikamwambia, kama ana uchungu sana, amtume huyo mume wake mvivu aje kudai mwenyewe.

"Mume gani?" akasema. "Alivumilia na homa yake mpaka akawafikisha Entarara. Mbuzi wakapona. Yeye tulimzika huko huko." Akatazama ile fimbo. "Nilikuwa nimemwambia asirudi bila wao."

Hapo Elmi akatoka ndani, kandambili mguu mmoja, kikombe mkononi. Bila miwani yake Elmi hajui ng'ombe na tangi la maji. Alimwona yule, akadhani ni mimi.

"Mama Najah, sukari umeificha wapi tena?"

Yule mwanamke alishika nguzo. "Iko kwa mkebe wa unga," akasema polepole. Ni kweli, mimi huificha hapo. Elmi akanung'unika akarudi ndani, na yeye akabaki kuangalia mlango.

"Abaayo," akaniita, vile sisi humwita dada. "Baki na mbuzi. Wote. Wacha tu nikae hapa kidogo."

Hiyo kidogo ni yangu, naijua, haina mwisho. Niliogopa vile sijawahi kuogopa njaa. Nikachukua fimbo kutoka mkononi mwake nikawaswaga mbuzi wote warudi kwa kitambaa, hata yule mweusi, nikiwachapa. Yeye nikamsukuma nyuma yao kwa mabega. Hakupigana, alikuwa akigeuza kichwa tu. Kisha nikakichana kitambaa kwa kisu cha jikoni, juu mpaka chini.

Muteti alipokuja alisema nimeharibu historia. Nikamuuliza kama alijua huyo mwanamke angekuja.

"Mama, mimi nafuma tu. Mambo ya watu siyashughulikii."

Nikamwambia arudi kwa mageti. Geti bovu halimlizi mtu.

Elmi akakuta banda tupu, akangoja matusi. Nikamwambia akae. Nikammiminia chai, nikamwekea sukari mwenyewe, kijiko juu ya kijiko, mpaka yeye ndiye akasema inatosha. Aliniangalia kwa woga.

"Mama Najah," akasema, "nani amekufa?"