Mvua ya Jumapili

Nasema mapema ili usije ukanilaumu baadaye: mimi sina subira. Hapa Murutare, wilayani Ngara, wanafunzi waliniita Mwalimu Mbiombio, na hata wazazi wakaiga. Melania ndilo jina langu la ubatizo, lakini nani alikuwa analitumia?

Mwaka wa sabini na nane shule yetu, njia ya kwenda Bukiriro, ililetewa sanduku la vitabu vya msaada. Vingi vilikuwa vya kilimo cha ngano, na sisi huku ni migomba na maharage. Chini kabisa nikakuta kitabu kimoja cha Kiingereza juu ya kompyuta: jinsi watafiti wanavyoitumia, na jinsi mwalimu wa sayansi anavyoweza kufundishia. Kompyuta! Shule yenyewe haikuwa hata na taa ya karabai. Wenzangu walicheka, mwalimu mkuu akasema kitafaa kufunikia mtungi. Mimi nilikisoma mara tatu, kamusi mkononi, na tangu siku hiyo sikutulia tena.

Maana sisi tulikuwa na kitu ambacho mashine ile ingekitaka. Tulikuwa na mvua ya miaka sita.

Mvua hiyo ilikuwa ya Mzee Desderius Ndikuriyo, mlinzi wa shule na katekista wa kigango chetu, kanisa dogo lisilo na padre wake. Kila siku saa tatu asubuhi aliliendea kopo la shaba la kukingia mvua nyuma ya ofisi, akamimina maji kwenye kipimo cha kioo, akainama mpaka jicho likawa sawa na maji, kisha akaandika daftarini: jina la siku, tarehe, milimita. Miaka sita hakuugua, au kama aliugua hakusema.

Nikaandika barua Chuo Kikuu, Dar es Salaam. Akanijibu mtafiti mmoja wa hali ya hewa, Bwana Theonest. Alikuwa anatunga kitabu cha Kiswahili kwa ajili ya shule, kuonyesha kompyuta inavyosaidia sayansi, na alitaka mvua ya vituo kumi vya vijijini. Masharti mawili: nakala za daftari zifike kabla ya mwisho wa Novemba, na kituo chenye mapengo hakitapokelewa. Jina la kila mpimaji litachapwa.

Nilimsomea Desderius barua ile. Akaniuliza, "Jina langu, Mwalimu? Kitabuni?"

"Kitabuni, Mzee."

Alivua kofia, akaivaa tena. Jina lake, alisema, lilikuwa limeandikwa mahali pawili tu, kwa padre na kwa mtoza kodi. Kesho yake kijiji kizima kilijua kwamba Desderius anaingia kitabuni.

Kisha vita vikaja. Redio ikasema adui ameingia Kagera, na malori yakaanza kuchukuliwa na jeshi moja moja. Wilayani kwetu likabaki la ushirika, la dereva Novatus, nalo likaagizwa liende Biharamulo kukabidhiwa. Novatus alikuja kunionya siku ya Alhamisi asubuhi: "Mwalimu, leo saa kumi napita hapa. Ukiwa na mzigo wa posta, ni leo. Baada ya leo sijui." Wakati huo Novemba ilikuwa imebakiza siku kumi na nne.

Nilikuwa nimekwisha kunakili kila kitu kwa penseli. Ningefunga bahasha nikakaa kimya ningekuwa salama, lakini mimi na kukaa kimya wapi na wapi? Nikataka darasa la sita waone kompyuta inavyofanya kazi kabla karatasi hazijaondoka. Nikawagawa makundi saba, kila kundi siku yake ya juma, kila mtoto hatua yake: huyu asome, huyu ajumlishe, huyu ahakiki, karatasi ipite mkono hadi mkono bila maneno. "Leo ninyi ndio mashine," nikawaambia. Wakafurahi ajabu.

Hazikupita dakika tano, kundi la Jumapili wakapiga makofi. "Mwalimu, sisi tumemaliza!"

"Mmemaliza nini? Miaka sita?"

"Ni sifuri zote, Mwalimu."

Nao wa Jumatatu wakaanza kulalamika kwamba wameonewa, hesabu zao ni kubwa kuliko za wote.

Yesu na Maria! Nikazinyakua karatasi. Sifuri, sifuri, sifuri. Miaka sita Murutare haikunyesha mvua hata Jumapili moja, na kila Jumatatu ilinyesha maradufu. Nikatoka mbio hadi shamba la shule, nikamkuta Desderius akipalilia maharage.

"Mzee, shikamoo. Jumapili hupimi?"

"Marahaba. Jumapili?" Alinitazama kama ninayeuliza kama jua huchomoza. "Jumapili saa tatu naongoza ibada, Mwalimu. Wewe mwenyewe unakaa benchi la pili."

Kweli. Miaka yote hiyo nilikuwa nimekaa benchi la pili, nikimtazama.

"Sasa sifuri za nini? Si ungeacha wazi!"

"Niliacha wazi mwaka wa kwanza. Akaja bwana mmoja na Landrova, mkaguzi, akanifokea. Akasema nikiacha kisanduku cha daftari kitupu tena, kipimo anaondoka nacho. Ndipo nikajaza zote, hata za nyuma." Akaegemea jembe. "Lakini maji yenyewe yapo. Jumatatu nakuta ya siku mbili, napima yote. Sijamwaga hata tone."

"Bwana Theonest hatapokea mapengo! Mapengo mia tatu!"

"Waandikie ukweli. Waambie Jumapili Desderius yuko kanisani. Wakikataa, wakatae." Alisema hivyo, lakini uso ulimshuka, akarudi kupalilia na kung'oa maharage pamoja na magugu. Nikaona uchungu. Na nisijifanye mtakatifu: nilitaka pia Murutare iandikwe kwa ajili yangu, kwamba kuna mwalimu mahali fulani Ngara aliyekisoma kile kitabu peke yake.

Saa sita nilijifungia ofisini na kifutio. Mvua ya Jumatatu si ya siku mbili? Basi igawanywe. Kumi na nane nukta sita ikawa tisa nukta tatu Jumapili, tisa nukta tatu Jumatatu. Nilijiambia kwamba huko si kubuni, maana tone halikuongezeka wala kupungua. Nusu kwa nusu. Si ndiyo siasa yetu wakati ule, kugawana sawa? Ilipokataa kugawanyika sawasawa, ile nukta iliyozidi nikaipa Jumapili, kwa kuwa ni siku ya Bwana. Nilifuta na kuandika, nikafuta na kuandika, jasho linanitoka, mpaka honi ikalia barabarani.

"Mwalimu, vita havikungoji wewe!" Novatus alipiga kelele.

Nikafunga bahasha kwa gundi ya ugali, nikaikimbiza. Desderius alisimama langoni. "Umewaambia?" akauliza.

"Yameisha, Mzee," nikamjibu, nikampita.

Mwaka uliofuata sikupata raha. Watu walisikiliza redio kwa ajili ya vita. Mimi pia, lakini kila gari lililopanda kilima lilinifanya nisimame. Vita vikaisha, vijana wakarudi, wengine hawakurudi, na mimi bado nauliza posta. Kila Jumapili Desderius aliongoza ibada, nami nilikaa benchi la pili nikishindwa kumtazama.

Kifurushi kilifika Februari ya themanini, kupitia Biharamulo, nyuzi zimelegea. Ndani kitabu cha jalada la buluu. Sikupata nafasi ya kukifungua peke yangu. Desderius alikuwa amekwisha sikia, akaja amevaa koti lake la Pasaka, ingawa ilikuwa Jumatano.

"Nisomee, Mwalimu. Macho yangu hayawezi herufi ndogo."

Nikafunua, nikaipata Murutare ukurasa wa hamsini na moja. "Kituo cha Murutare," nikasoma. "Mpimaji: Desderius Ndikuriyo."

Akacheka kwa furaha, akaweka kidole pale pale. "Ndio hapa? Haya, soma mbele."

Mbele nilikuwa nimekwisha kuona. Kichwa cha sura kilisema: Namna ya kugundua kumbukumbu za uongo. Ningeweza kumsomea chochote, angeamini. Nikafungua kinywa nimdanganye, nikakiona kile kidole chake pale kwenye jina.

Nikasoma kilichoandikwa. "Kompyuta haikuhitaji hata dakika moja kuona kwamba, kwa miaka sita, mvua ya Jumapili na ya Jumatatu hazikupishana zaidi ya nukta moja, na zilipopishana, Jumapili ndiyo iliyozidi daima. Mawingu hayagawi hivyo. Wanafunzi wajifunze: mpimaji huyu hakupima."

Kidole chake bado kilikuwa juu ya jina.

"Ni mimi, Mzee," nikasema. "Niligawa mimi, siku ile ya lori. Wewe hukukosa. Nisamehe." Nikaanza kulia, na hakuniambia pole. Mwiba wa kujichoma hauambiwi pole.

Alilipapasa lile jina. "Kwa hiyo shule zote zitasoma kwamba Desderius ni mwongo."

"Nitawaandikia leo hii! Nitawaeleza!"

"Waandikie." Akaondoa kidole. "Lakini kitabu kimekwisha chapwa." Akasimama, akafunga vifungo vya koti kimoja kimoja. "Kuanzia Jumapili hii, saa tatu utapima wewe. Ibada itakukuta njiani. Mimi nitakuuliza."

Jumapili ile ilinyesha tangu alfajiri. Nilisimama nyuma ya ofisi, nikamimina polepole, nikainama mpaka jicho likawa sawa na maji, nikatazama mara mbili. Kisha nikapanda kigangoni, viatu vimejaa tope. Wimbo ulikuwa unaisha. Nilitaka kujipenyeza nyuma, lakini Desderius aliniona, akainua mkono, watu wote wakageuka.

"Mwalimu," akasema kutoka mbele, "ngapi?"

"Kumi na moja nukta nne."

Akatoa daftari kwenye mfuko wa koti, akaandika, kanisa zima likimngoja. Kisha akanitazama tena.

"Hujamwaga?"

"Sijamwaga hata tone," nikasema, na akanionyesha benchi la pili.