Miavuli ya Mama

Kila asubuhi, kabla Fundi hajafungua mlango wa karakana yake ya miavuli, Kimya alijaza maji kwenye kopo, akazunguka nyuma ya nyumba hadi pale penye kivuli, kati ya ukuta na mti mkubwa. Hapo aliinama, akaumwagilia mmea mashinani taratibu, huku akiinua jani moja moja kama mtu anayemchungulia mtoto aliyelala. Leo kopo lilimponyoka.

Majani yote yalikuwa chini. Jana yalikuwa na umanjano pembeni, naye akajidanganya kuwa ni jua tu. Sasa yalilala kifudifudi juu ya udongo, na mabua yamelegea kama kamba iliyolowa.

Mmea ule aliuleta mama yake kutoka msituni, mwishoni mwishoni mwa kazi yake ya kufagia ofisi ya walinzi wa msitu. Kilikuwa kipande cha mzizi tu, kimeviringishwa kwenye gazeti. "Unapenda kivuli," alisema akikifukia, "na majani yake ni miavuli mitupu. Nimemletea Fundi wateja!" Wakacheka wote watatu. Kisha akaugua, na ugonjwa haukumpa nafasi ya kuuona ukichomoza. Ulichomoza baada ya mazishi: kila bua na jani lake pana, limefunguka duara, na bua likishika katikati kama mpini.

Fundi hakuwa baba yake wa kumzaa. Alimwoa mama wakati Kimya ameshapata akili zake, na kwa kuwa mama alimwita Fundi, naye alimwita Fundi, na miaka ikaenda hivyo hivyo. Fundi alinyoosha mbavu za miavuli zilizopinda na kubadilisha springi. Kimya alishona vitambaa. Waliongea kwa vikohozi na mikono iliyonyooshwa: koleo, uzi, mkasi. Wateja ndio waliompa msichana jina la Kimya, naye hakuwabishia, maana kubisha nako ni kusema.

Tangu mazishi, mama mkubwa, dada wa marehemu, alikuwa hachoki kupiga simu. "Njoo ukae kwangu, mwanangu. Hapo sasa unakaa kwa nani?" Kimya alikuwa na jibu moja tu: "Nani atamwagilia miavuli ya mama?" Na Fundi, akiulizwa, alisema, "Aamue mwenyewe. Mimi siwezi kumzuia mtoto wa watu."

Mtoto wa watu. Maneno hayo Kimya hakuyasahau.

Na leo ndiyo siku ambayo mama mkubwa alisema angekuja kumchukua. Alifika na kanga mbili begani na jasho usoni, akamkuta msichana amekaa kitandani, macho yamevimba.

"Nini tena?"

"Miavuli imekufa."

"Yote? Hebu twende nikaone."

Nyuma ya nyumba walimkuta Fundi amepiga magoti, miwani imeteremka puani. Alikuwa ameegemeza kila bua kwenye ubavu wa chuma wa mwavuli, akafunga kwa waya mwembamba, vizuri kabisa, kama anavyowafungia wateja wake.

"Shemeji!" mama mkubwa alishangaa. "Umefungua hospitali ya mifupa?"

"Usinicheke, shemeji. Hili limesimama. Hili nalo linakuja..." Jani likachanika mkononi mwake. Akalitazama. "Hili limekataa."

Kimya alicheka, kisha kicheko kikageuka kilio palepale.

Mama mkubwa alimshika bega. "Poleni. Jamani, poleni sana. Ila sasa mwanangu, kilichokuwa kinakushikilia hapa hakipo. Kapange nguo zako."

Hakusema kwa ubaya. Kimya alijua hilo. Alichuchumaa akaanza kufungua waya mmoja mmoja. Hakutaka mmea wa mama ubaki umefungwa vyuma. Bua la kwanza lilitoka lenyewe. Akachimba kwa kidole pale lilipokuwa, na kidole kikagusa kitu kigumu. Akafukua zaidi. Ulikuwa mzizi wa kahawia, mnene, wenye unyevunyevu, na kwenye ncha yake chipukizi jeupe limejikunja, limebana kama ngumi ya mtoto mchanga.

"Fundi," aliita. "Hebu njoo uone."

Fundi alipangusa miwani kwa shati, akaangalia kwa muda mrefu, kama anavyoangalia kazi ya fundi mwingine aliyemzidi.

"Haujafa huu," alisema. "Umejifunga tu. Ni mwavuli gani unaokaa wazi mwaka mzima?"

Mama mkubwa alipiga makofi. "Basi heri! Utafunguka wenyewe wakati wake ukifika. Hauhitaji hata mtu wa kuulinda. Twende, mwanangu, tusichelewe gari."

Kimya alirudishia udongo juu ya chipukizi, akaushindilia polepole. Mmea ukiwa umekufa, aondoke. Ukiwa hai, aondoke vilevile. Alimtazama Fundi. Fundi alikuwa anauzungusha waya kwenye kidole chake, raundi juu ya raundi, hata ncha ya kidole ikawa nyeusi.

"Nenda, binti," Fundi alisema, akiuangalia waya. "Ukichomoza nitakupigia picha."

"Mimi sitaki."

Wote wawili wakageuka. Sauti yake ilikuwa kubwa kuliko alivyokusudia.

"Hutaki picha?" aliuliza mama mkubwa.

"Sitaki kwenda." Alisimama, udongo magotini. "Haikuwa miavuli, mama mkubwa. Tangu mwanzo haikuwa miavuli. Nataka kukaa hapa na baba."