Kikohozi cha Bosi

Dada wa kazi alimpandisha Bosi mezani, akageuka kando kukoholea kiwiko, kisha akaomba radhi. Muuguzi wa kliniki ya wanyama akapitisha kifaa shingoni mwa mbwa, juu ya ile chipu iliyo chini ya ngozi, na historia ya matibabu ikajitokeza kwenye skrini. Tangu safari iliyopita ilikuwa imejiongeza yenyewe: kikohozi kisichokoma, homa za jioni, kukonda, makohozi yenye damu.

Bosi alikuwa buheri wa afya, amenona mpaka anahema akikaa. Dada ndiye aliyepwaya ndani ya gauni lake.

Muuguzi alimwita daktari, akamweleza kwamba maradhi ya msichana yameingia kwenye chipu ya mbwa. Daktari hakubisha. Alisema mambo hayo hutokea, juzi tu paka mmoja amesomeka na mimba ya jirani. Lakini kliniki ina utaratibu wake: hutibiwa kilichosomeka, na hutibiwa aliye mezani. Leseni yake ni ya wanyama. Basi Bosi akachomwa sindano, akaandikiwa vidonge.

Muuguzi akampigia simu mama mwenye nyumba, akamwambia waziwazi kuwa anayeumwa ni msichana. Mama alishukuru sana, akauliza kama Bosi awekewe blanketi la pili. Ndizo huruma za watu hizo. Zipo tele, ila hushukia kituo kisicho chao.

Mlangoni, muuguzi alimshika dada mkono.

"Mdogo wangu, hivi vidonge meza wewe."

"Mama husimama pale pale mpaka Bosi ameze."

"Basi nenda hospitali."

"Nimeshaomba ruhusa, dada. Amesema nisubiri kwanza Bosi apone."

Ikawa hivyo mwezi baada ya mwezi. Bosi alimezeshwa, dada akazidi kukonda, na muuguzi alikuwa akirudi nyumbani akijichukia.

Asubuhi moja mama mwenyewe alimleta mbwa. Kifaa kikasoma: amekufa. Mama alilia hadi akatafutiwa kiti, huku Bosi akimlamba machozi. Muuguzi alimpa pole, kisha akauliza msichana yuko wapi.

"Naye hakuamka leo. Kaka yake amekuja kumchukua. Lakini Bosi, sista! Bosi nimemlea tangu hajafumbua macho."

Kwa utaratibu, faili la marehemu lilifungwa, na Bosi akawekewa chipu mpya.

Wiki iliyofuata Bosi aliletwa na msichana mwingine, mdogo kuliko yule. Chipu mpya ilikuwa na mstari mmoja tu: mikono imeungua maji ya moto. Daktari akaagiza Bosi afungwe bendeji miguu ya mbele. Muuguzi alimfunga taratibu, safu baada ya safu, na msichana akamshikilia mbwa kwa ncha za vidole ili atulie.