Matanga Yaliyotangulia Kifo

Butembo nzima ilimjua Kavuo kwa sura. Tangu alipoanza kuongoza tamthilia ya mchana kwenye kituo cha televisheni cha bosi wake, patron Esdras, hakuna sehemu iliyokwisha bila yeye kujitokeza na kuwauliza watazamaji kama wamelia vya kutosha. Hadi Beni akina mama walichelewesha mboga ya sombe jikoni kwa ajili yake. Alilipenda jambo hilo, na nani asingelipenda? Sokoni alipunguziwa bei, kanisani alipishwa kiti cha mbele.

Kisha watazamaji wakapungua, Esdras akanuna. Kavuo akaamua kumuua Sadrack, kijana aliyependwa kuliko waigizaji wote. Kumuua kwenye tamthilia, naam, lakini hilo halikumtosha. Kwetu kifo hutangazwa hewani kabla ya habari: jina la marehemu, la wazazi wake, na mahali pa matanga. Kavuo akampa msomaji wa matangazo jina la kweli la Sadrack na nyumba ya kweli ya mama yake, mama Agar, kule komini ya Ruwenzori, Beni. Eti kuchangamsha watu. Sadrack alicheka, akakubali. Alimwamini kama dada.

Majirani wa mama Agar walifika na kuni, ndizi na maharagwe, wakagaagaa chini wakilia. Mama mwenyewe alizimia. Saa ya tamthilia ilipofika, Kavuo akaonekana kwenye televisheni akitabasamu, Sadrack mzima kando yake. Majirani walibeba ndizi zao wakaondoka bila kuaga. Huko Butembo, Esdras alinunulia kila mtu kinywaji.

Hata msimu wa mvua ulikuwa haujaisha. Sadrack aliuawa kwa risasi na watu wenye silaha njiani, akienda Beni kumwomba mama yake msamaha.

Kavuo alisafiri na jeneza. Moyoni alikuwa na jambo moja tu: Sadrack azikwe na watu, asizikwe kama mbwa. Alisimama mlangoni kwa mama Agar, macho yamevimba, akamsihi kila jirani aliyepita. Walimtazama yeye, wakalitazama jeneza, kisha wakaanza kutafuta kamera imefichwa wapi. Mmoja alimsifu kwamba safari hii mchezo wake umepangwa vizuri zaidi. Alipoapa kwa jina la Mungu walicheka, maana kwenye tamthilia yake watu waliapa hivyo kila mchana. Jua likapanda. Kaburi lilikuwa halijachimbwa, kwa sababu wachimbaji ni majirani.

Mama Agar alitoka ndani polepole.

“Kavuo, toka hapa. Bakikuona, banasema ni filme.”

“Mama, acha nimuzike. Alikuwa ndugu yangu.”

“Wewe ulishabaliza batu yeye akiwa muzima. Sasa enda, batu bakuye bamulilie mutoto yangu.”

Kavuo alijifunika kitenge hadi usoni, akapita kati ya nyumba za majirani mpaka barabara ya Butembo. Aliona aibu, na hasira pia, na hasira hiyo haikuwa na mtu mwingine wa kumwangukia. Bado alikuwa anangoja gari aliposikia nyuma yake mwanamke mmoja akiangua kilio, kisha wa pili, kisha mtaa mzima. Kavuo akaziba mdomo kwa kitenge, asije akasikika akilia.