Kikohozi cha Mkwe

Pazi alikuwa mkwe wa kusifiwa. Tangu amwoe Asia na kuhamia kwao, milimani juu ya Mkuyuni, hakuwahi kumtazama mama mkwe wake, Bi Mwanaheri, usoni wala kumsemesha. Wakifuatana njiani, Pazi alikohoa, Bi Mwanaheri akaingia majanini, mkwe akapita ameinamisha kichwa. Ndiyo heshima, na Pazi aliipenda heshima kuliko chakula.

Asubuhi ile wote wawili walikuwa wanateremka kwenda kulima barabara ya Wadachi. Mwanamume aliyechelewa alilazwa chini akachapwa hamsa ishirini, viboko ishirini na vitano. Bi Mwanaheri alitangulia, jembe begani, na Pazi akafuata kwa mbali kidogo.

Ghafla mguu wake ulikataa kutua. Nywele za shingoni zilisimama, mate yakamkauka, na macho bado hayajaona kitu. Kisha macho nayo yakafika. Mbele ya mama mkwe, kando ya njia, palikuwa na majani makavu yaliyojipanga vizuri kupita kiasi. Kifutu.

Neno lenyewe lilikuwa fupi tu: nyoka. Lakini ampigie mkwe kelele? Pazi aliona haya. Akafanya alichozoea, akakohoa, akitumaini atasimama.

Bi Mwanaheri alidhani kijana anakimbia kiboko na anaomba njia. Akapisha upesi, mguu wake ukatua juu ya yale majani. Pazi angenyamaza kimya, huenda mama wa watu angepita salama.

Alimbeba mgongoni mpaka nyumbani, yeye aliyeshindwa hata kumwita. Mguu ulivimba hadi pajani, na kwa siku kadhaa hakuna aliyejua kama atapona. Majirani waliokuja kumjulia hali walimsifu Pazi: hata siku ya balaa alikohoa, kijana ana adabu. Kila sifa ilimchoma. Alitamani mmoja wao amtukane.

Homa ya mama iliposhuka, Asia alimuuliza mumewe, "Ulikohoa kwa kuwa ulikuwa unawahi kazini?"

Angeweza kuitikia tu, yakaisha.

"Hapana," akasema. "Nilikuwa nimeshamwona nyoka."

Nyuma ya ukuta wa fito sauti dhaifu ya mama yake ikasikika.

"Asia, niulizie kwa mkwe wangu. Ningekuwa mama yake mzazi, angekohoa?"

Pazi alikuwa amesikia kila neno. Hata hivyo Asia alimgeukia, akamuuliza kama alivyotumwa.